Anakesha na anime, anataka kwenda Japani kuchora: nimzuie au nimwache?

"Mwanangu wa kiume ana miaka 15, yuko kidato cha pili hapa Morogoro. Tangu mwaka jana hana habari nyingine ila anime, zile katuni za Kijapani. Anatazama mpaka saa nane usiku, madaftari yake yamejaa watu wenye macho makubwa na panga mgongoni, na sasa anajifunza Kijapani kwenye simu. Juzi ameniambia hesabu hazina kazi kwake kwa sababu atakwenda Japani kuwa mchoraji wa anime. Mdogo wake wa miaka minane anatazama naye kila kitu. Shemeji yangu anasema zile ishara za vidole ni za kuita mapepo. Jirani anasema katuni za Kijapani zimewahi kuwaangusha watoto kifafa. Nimemnyang'anya simu, na sasa nyumbani hatusemeshani. Nimekosea? Na hiyo kazi ipo kweli, au ni ndoto ya mtoto?"

Dada yangu, pole na huko kununiana. Swali lako lina mambo matano ndani yake, na nadhani ndiyo maana limekulemea: afya ya watoto, imani, mdogo anayetazama vitu vya wakubwa, usingizi, na kazi ya baadaye. Kuchukua simu kunagusa mawili tu kati ya hayo. Naanza na la jirani, kwa kuwa linahusu uhai.

Jirani hakubuni. Jioni ya tarehe 16 Desemba 1997 runinga ya Japani ilirusha kipindi kimoja cha katuni ya Pokémon chenye mlipuko uliooneshwa kwa mwanga mwekundu na wa buluu, ukipishana takriban mara 12 kwa sekunde. Watoto 685 walikimbizwa hospitali, baadhi wakiwa na degedege, wengine wakitapika au wakiona kizunguzungu. Wengi walipata nafuu upesi. Sababu yake inajulikana vizuri. Kuna watu wachache ambao ubongo wao, ukipigwa na mwanga unaowaka na kuzima kwa kasi, huanza kuufuata mwanga huo, na umeme wa ubongo ukavurugika. Hatari huzidi chumba kikiwa giza na macho yakiwa karibu na kioo. Taa za disko na michezo ya video vinaweza kumfanyia mtu huyo vivyo hivyo, kwa hiyo tatizo halikuwa Ujapani wa katuni wala hadithi yake. Pokémon ilisimamishwa miezi minne, na mwaka 1998 watangazaji wa Japani wakaweka kanuni za kudhibiti mimweko. Ndiyo maana vipindi vingi vya anime huanza na maandishi yanayomtaka mtazamaji awashe taa na akae mbali na runinga. Mwulize mwanao, atakuwa ameyaona mara nyingi.

Kwa nyumbani kwako: taa iwake wanapotazama, na simu isishikwe karibu na uso. Ikiwa mmoja wao amewahi kupoteza fahamu, kutikisika viungo, au kuduwaa akitazama bila kusikia anapoitwa, mpeleke hospitali na umweleze daktari kilichokuwa kwenye kioo wakati ule. Usisubiri itokee mara ya pili. Kifafa kina dawa, na anayewahi hupata nafuu mapema.

La shemeji nalijibu kwa heshima, maana imani ya nyumba ni ya wenye nyumba. Ishara anazozisema nina hakika ni zile za Naruto, anime ya kijana ninja. Katika hadithi ile kila ishara ina jina la mnyama mmoja kati ya 12 wa kalenda ya kale ya Kichina: panya, ng'ombe, chui milia, sungura, na kuendelea. Ninja wa hadithini huzipanga kwa mfuatano ili mbinu fulani itokee. Wazo lenyewe limetoka kwenye ngano za ninja, na ngano hizo zimeazima ishara za mikono za watawa wa Kibudha. Mtoto anayekunja vidole anamwiga shujaa wake. Ni kweli hata hivyo kwamba hadithi nyingi za Kijapani zina mizimu, mbweha wa hekaluni na miungu ya mauti, kwa sababu zimekulia katika nchi ya dini ya Shinto na Ubudha, kama hadithi za pwani yetu zilivyojaa majini na mazimwi. Nyumba nyingine haitaki kabisa habari hizo, na ina haki. Ninachoomba ni uketi naye utazame kipindi kimoja kizima kabla ya kuamua. Ukikataza, taja jina la kile unachokataza na sababu yake. Kijana wa miaka 15 hukubali katazo lenye jina. Ukikataza "mambo ya Kijapani yote" ataona hujamsikiliza, na atakwenda kutazama kwa rafiki.

Sasa nifike kwenye kinachonisumbua mimi kuliko vyote: yule wa miaka minane.

Huku kwetu mchoro unaotembea ni katuni, na katuni ni ya mtoto. Japani haiko hivyo. Manga, yaani hadithi za picha za kusomwa, nyingi huzaliwa magazetini, na kila gazeti linamjua msomaji wake: lipo la watoto wadogo, la wavulana, la wasichana, la wanaume wazima, la wanawake wazima. Anime inayotokana na manga kwa kawaida hubeba umri uleule, na mara nyingi saa ya kurushwa huonesha inamlenga nani. Chukua Demon Slayer, ambayo sina shaka mwanao anaijua. Ilipoanza mwaka 2019, watu wa Tokyo waliiona Jumamosi saa tano na nusu usiku. Vichwa vinakatwa mle, na familia nzima inauawa mwanzoni kabisa. Filamu yake ya mwaka 2020 ilipewa alama ya PG12 huko Japani, yaani aliye chini ya miaka 12 aongozwe na mzazi, na Marekani wakaipa alama ya R, asiyefika miaka 17 asiingie bila mtu mzima. Filamu hiyo ndiyo iliyovunja rekodi ya mapato ya sinema nchini Japani, rekodi iliyokuwa imeshikwa tangu mwaka 2001 na Spirited Away ya Hayao Miyazaki, ambayo ni habari ya msichana wa miaka 10 na ambayo mzazi anaweza kuitazama pamoja na watoto wake. Sanaa ni ileile, watazamaji mbalimbali.

Fikiria njia ambayo kazi hiyo imepita mpaka ikafika Morogoro. Mtu ameipakua, ameiweka kwenye kompyuta ya kibanda cha kurushia muvi, na kijana analipa pesa kidogo ajaziwe flashi. Saa tano na nusu usiku haimo tena. Jina la gazeti halimo. Alama ya umri haimo. Kilichobaki ni folda iliyoandikwa KATUNI, na ndani yake ya mtoto wa miaka sita imekaa bega kwa bega na ya mtu wa miaka thelathini. Mwenye kibanda hana ubaya, hajui tu. Na wewe hukuwa na namna ya kujua, kwa sababu kwa mbali zote zina macho makubwa na rangi nzuri.

Kwa hiyo kabla mdogo hajatazama, mkubwa aitafute kazi hiyo mtandaoni na akuoneshe mambo mawili: umri uliowekwa na huduma halali inayoionesha, na aina ya gazeti ilikotoka. Iliyoandikwa seinen ni ya wanaume wazima, isimfikie mdogo. Iliyoandikwa shonen inawalenga wavulana wakubwa kidogo, na bado nyingine haimfai mtoto wa miaka minane. Mpe mkubwa kazi hiyo kama dhamana. Anajua zaidi yako katika hili, na kuaminiwa kutamrudisha mezani kuzungumza.

Kuhusu kukesha, huenda ikakusaidia kujua hadithi hizi zinavyotungwa. Weekly Shonen Jump, gazeti la wavulana lililoanza mwaka 1968, lilifikia kilele mwishoni mwa mwaka 1994 likiuza zaidi ya nakala milioni 6.5 kwa toleo moja. Ndani kulikuwa na postikadi ya msomaji kutaja hadithi alizozipenda wiki hiyo. Hadithi inayoshuka kwenye kura hukatwa, wakati mwingine baada ya wiki chache tu. Mtunzi mwenye kurasa zipatazo 19 kwa wiki anajifunza haraka kufunga ukurasa wa mwisho pale ambapo msomaji hawezi kuvumilia. Dragon Ball, Naruto na One Piece zote zimelelewa humo. Mtoto wa Kijapani aliachwa na kiu hiyo kwa siku saba. Mwanao hapewi hata sekunde kumi, kipindi kinachofuata kinajianzisha chenyewe. Anapambana peke yake na kitu kilichotungwa kisubiriwe, huku hakuna kusubiri.

Ndiyo sababu nasema mrudishie simu, kwa masharti. Ulipoichukua ulichukua pia masomo yake ya Kijapani, picha anazoiga kuchora na marafiki anaojadiliana nao. Vipindi viwili kwa siku za shule vinatosha. Kitufe cha kujiendesha kizimwe, na saa nne usiku simu ije chumbani kwako kila siku, Ijumaa pia kwa miezi ya mwanzo. Sheria iwe ya nyumba nzima ikiwezekana. Mtoto akiona mama naye ameweka simu yake mbali, ugomvi hupungua sana.

Tuje kwenye ndoto yake. Kazi ipo. Mwaka 2023 soko la anime lilikuwa la yeni trilioni 3.3, na zaidi ya nusu ya fedha hizo zilitoka nje ya Japani. Waliokulia Uarabuni watakuambia habari za Kapteni Majid, jina ambalo Waarabu walimpa kijana mchezaji mpira wa manga iliyoanza Jump mwaka 1981. Mwanao si kituko, ni mmoja wa mamilioni. Swali ni nani anazila hizo trilioni, na hapa lazima niseme ukweli wote.

Mchoraji wa manga Tezuka Osamu alipoanza kurusha anime yake ya kila wiki, Tetsuwan Atom, tarehe 1 Januari 1963, aliiuza kwa bei iliyo chini ya gharama na akategemea bidhaa zenye sura ya shujaa wake zifidie. Kupunguza gharama kukawa ndiyo mtindo. Filamu hupita fremu, yaani picha moja moja, 24 kwa sekunde, lakini anime nyingi za runinga hushikilia kila mchoro kwa fremu tatu, kwa hiyo sekunde moja ina michoro minane, mara nyingi pungufu. Tazama pigano moja na mwanao kwa makini: mhusika amesimama tuli huku mistari ya nyuma ndiyo inayokimbia, mdomo unafunguka na kufunga huku mwili mzima haujasogea, picha moja ya uso inavutwa polepole kwa sekunde nne. Huo ni ufundi mkubwa uliozaliwa na ukosefu wa pesa, na ni jambo zuri kwa kijana asiye na vifaa kulielewa.

Lakini bei ile ya chini haijaondoka. Anime nyingi hugharimiwa na kamati: mchapishaji, kampuni ya muziki, ya wanasesere, kituo cha runinga, kila mmoja anaweka fungu na kuvuna kwa fungu lake. Studio inayochora mara nyingi imo kama fundi aliyeajiriwa, inalipwa ujira wa kazi na hadithi ikivuma haigawiwi. Chini kabisa yupo mchoraji chipukizi anayechora picha za katikati, zile zinazojaza mwendo kati ya pozi moja na jingine. Analipwa kwa kipande, takriban yeni 200 kwa mchoro. Akichora 500 kwa mwezi amepata yeni 100,000, na hapo hajalipa kodi ya chumba Tokyo. Utafiti wa chama cha waundaji wa anime uliotolewa mwaka 2015 ulikuta wachoraji hao wa katikati walipata wastani wa yeni milioni 1.1 kwa mwaka mzima, wakati wastani wa wafanyakazi wote waliohojiwa ulikuwa milioni 3.3. Tena sehemu ya kazi hiyo hupelekwa nchi nyingine. Kampuni ya Toei ina studio yake Manila tangu miaka ya 1980.

Simwambii mwanao aache. Namwambia asiende kwa mlango huo wa chini. Kupata kibali cha kazi ya namna hii Japani kwa kawaida kunahitaji shahada, au cheti cha chuo cha ufundi cha huko huko. Elimu ndiyo mlango. Serikali ya Japani inatoa ufadhili unaojulikana kama MEXT, maombi hupitia ubalozini, na kwa upande wetu ni ubalozi ulioko Dar es Salaam. Ukipata ufadhili wa ngazi ya shahada unalipiwa nauli, ada na posho, na mwaka wa kwanza mara nyingi ni wa lugha. Anayeomba awe amemaliza miaka 12 ya shule, kwa hiyo kidato cha nne pekee hakitoshi. Na hili mwambie taratibu akusikie vizuri: mtihani wa kuchujwa kwa masomo ya sanaa na jamii una Kijapani, Kiingereza na hesabu. Hesabu, dada. Anayezikimbia leo anaifunga njia ya kwenda huko anakotaka.

Kuna chuo kikuu cha Kyoto Seika kilichofungua kitivo kizima cha manga mwaka 2006. Kuanzia mwaka 2018 hadi 2022 rais wa chuo hicho alikuwa Oussouby Sacko, mtu wa Mali, mwanafunzi wa usanifu majengo aliyeingia Japani kusoma na kubaki. Mwafrika amekiongoza chuo kinachofundisha manga. Ukimwambia mwanao haiwezekani, atakuonesha jina hilo.

Lugha aendelee nayo, na huhitaji kulipia. NHK, shirika la utangazaji la Japani, hutangaza kwa Kiswahili na lina masomo ya Kijapani yanayoelezwa kwa Kiswahili, bure. Akishakuwa na msingi, upo mtihani wa kimataifa wa Kijapani unaofanyika Nairobi. Akitokea mtu mjini kwenu akataka fedha ili "amuunganishe" na studio au ufadhili, mkatae hapohapo. Maombi ya MEXT hayana ada.

Na asidhani Japani ndiyo mahali pekee. Ubongo Kids ilianza kuoneshwa TBC mwaka 2014 na inatengenezwa Dar es Salaam. Tinga Tinga Tales ilichorwa Nairobi. Mwaka 2023 Disney ilitoa mkusanyiko wa filamu fupi za Kiafrika wenye jina la Kiswahili, Kizazi Moto, na humo wamo Ng'endo Mukii wa Kenya na Raymond Malinga wa Uganda. Kwa maoni yangu, kijana wa Morogoro ana nafasi nzuri zaidi ya kuwa msanii akianzia kwenye kazi za hapa, kisha aende Japani akiwa na kitu mkononi, kuliko akingoja Japani imfanye msanii.

Nikipewa daftari la kijana wa umri wake, siangalii macho. Macho makubwa kila mtu huyaweza baada ya miezi miwili. Naangalia mikono, miguu iliyokanyaga chini kweli, na mtu aliyechorwa kwa nyuma. Kama mikono imefichwa mifukoni ukurasa hadi ukurasa, bado anaiga tu. Mwambie akuchore wewe ukisonga ugali, mkono ulioshika mwiko na ule ulioshika sufuria, mara kumi, na umtazame anavyohangaika na vidole. Asipochoka, una mchoraji.

Lipo jambo moja ambalo si la mimi kulitibu. Kama ameacha kula na wenzake, haendi tena mpirani wala kwa marafiki aliokuwa nao, alama zimeporomoka masomo yote kwa ghafla, au anasema maneno ya kutotaka kuishi, basi anime huenda ni mahali anapojificha tu, na kuna kitu kingine kinachomuumiza. Kwanza mwone mwalimu wa ushauri na unasihi shuleni kwake, umwulize kama kuna uonevu. Akisema maneno ya kujidhuru, nenda naye hospitali siku hiyohiyo, usimwache peke yake.

Kama hayo hayapo, mpe kazi yenye mwisho. Wizara ya Mambo ya Nje ya Japani ina tuzo ya kimataifa ya manga tangu mwaka 2007, kwa wachoraji wasio Wajapani. Kazi iwe na kurasa 24 au zaidi, na hata ambayo haijachapishwa inapokelewa. Mtoto anayechora mashujaa mia waliosimama hajawahi kumaliza hadithi moja, na hapo ndipo wengi hukwama. Amalize kurasa 24, zenye mwanzo na mwisho, kabla hamjazungumza tena habari ya Japani. Akishazimaliza, peleka nakala kwa mchoraji yeyote wa katuni za magazeti au mwalimu wa sanaa unayeweza kumfikia, akae naye ana kwa ana ukurasa kwa ukurasa, na wewe uwepo.